Edmond Albius na Ua la Mvanila

Katika somo la uzazi wa mimea, walimu wengi tumezoea kuchora ua ubaoni, kutaja sehemu zake, na kuwaagiza watoto wanakili. Maisha ya Edmond Albius yanatuonyesha njia iliyo bora zaidi.

Edmond alizaliwa mwaka 1829 huko Sainte-Suzanne, katika kisiwa cha Bourbon, ambacho sasa huitwa Réunion, mashariki ya Madagaska. Kisiwa hicho kilikuwa koloni la Ufaransa, na Edmond alizaliwa mtumwa. Mama yake alifariki alipomzaa. Alilelewa katika shamba la Ferréol Bellier-Beaumont, bwana aliyependa sana mimea. Hakusomeshwa shuleni, lakini alifuatana na bwana wake bustanini, akajifunza kutambua mimea na sehemu za maua.

Siku hizo mvanila ulikuwa umekwisha kuletwa kisiwani kutoka Amerika. Ulistawi na kutoa maua, lakini haukuzaa. Sababu yake imo katika umbile la ua. Ili tunda lipatikane, chavua, yaani ule unga wa kiume, sharti ifike kwenye stigma, sehemu ya kike inayoipokea. Ua la mvanila lina sehemu zote mbili, ila kati yake upo utando mdogo unaozitenga. Katika nchi ya asili ya mmea huo, wadudu huweza kuifikisha chavua. Bourbon wadudu hao hawakuwako. Tena kila ua hufunguka siku moja tu, kisha hunyauka. Mwaka 1836 Charles Morren, mtaalamu wa mimea huko Liège, Ubelgiji, alifaulu kuchavusha mvanila kwa mkono, lakini njia yake haikuenea mashambani.

Ferréol alikuwa amemwonyesha Edmond jinsi ya kuchavusha mmea mmoja wa jamii ya maboga. Mimea hiyo huwa na maua dume na maua jike mbalimbali, hata mtu aweza kuchuma ua dume na kulipangusia katika ua jike. Mwaka 1841, Edmond akiwa na umri wa miaka 12, Ferréol aliona tunda katika mvanila uliokuwa tasa kwa miaka mingi. Mtoto alieleza kuwa ni kazi yake. Bwana hakusadiki, mpaka alipoonyeshwa: Edmond aliufunua utando kwa kijiti chembamba, kisha akaigandamiza chavua kwenye stigma kwa kidole gumba.

Edmond alipelekwa katika mashamba mengine kuwafundisha watumwa wenziwe. Vanila ikawaletea wenye mashamba utajiri mkubwa. Yeye mwenyewe alipata uhuru mwaka 1848, utumwa ulipokomeshwa, akapewa jina la Albius, lakini hakupata fungu la utajiri huo. Baadaye alifungwa kwa kosa la wizi, akaachiliwa kabla ya muda wake kwisha. Jean Michel Claude Richard, mtaalamu wa mimea, alidai kuwa ndiye aliyeleta ujuzi huo kisiwani. Ferréol alimtetea Edmond kwa maandishi. Hata hivyo Edmond alikufa maskini mwaka 1880. Njia yake ingali ikitumika leo katika mashamba ya vanila ya Madagaska, Komoro, Uganda na mkoani Kagera.

Tuzingatie jinsi mtoto huyu alivyojifunza. Alilishika ua la jamii ya maboga mkononi, akaelewa kazi yake, kisha akauhamishia ujuzi huo kwenye mmea mwingine ambao hakuna aliyemfundisha. Huo ndio ushahidi kwamba somo limeeleweka.

Mwalimu aweza kufanya vivyo hivyo katika shamba la shule. Jioni, watoto wafunge kwa uzi vichwa vya machipukizi mawili ya maua jike ya mboga na kimoja cha ua dume, ili wadudu wasiingie. Asubuhi walichavushe ua jike moja na kulifunga tena; la pili libaki limefungwa vile vile. Baada ya siku kadhaa walinganishe. Kisha wapewe ua la mmea mwingine, wajitafutie sehemu zake. Na mtoto akisema amegundua jambo, kwanza tumwombe atuonyeshe; likiwa kweli, tuliandike kwa jina lake.