Maisha ya Marehemu Mohamed Amin, Mpiga Picha

Likizo iliyopita nilipokuwa nyumbani Makanyagio nilimwona mzee mmoja ameanguka kando ya njia. Watu walikuwa wakipita, nami nikageuza uso nikapita. Jambo hilo limenisumbua sana. Kwa hiyo nimeona vema niwasimulie habari za marehemu Mohamed Amin, mtu ambaye hakugeuza uso.

Alizaliwa Eastleigh, Nairobi, tarehe 29 Agosti 1943. Baba yake alikuwa mfanyakazi wa reli, akahamia Tanganyika pamoja na jamaa yake, na mtoto akasoma Dar es Salaam. Huko alipata kamera kuukuu, akajifunza kupiga picha. Mwaka 1963 alianzisha kampuni yake, Camerapix.

Mapinduzi ya Zanzibar yalipotokea, Januari 1964, alikuwa na miaka 20, yaani mitatu tu kuliko mimi. Alivuka na kamera yake ya senema, akawaonyesha watu mambo ambayo wengi waliyasikia redioni tu. Lakini kazi hiyo ina gharama. Mwaka 1966 alifungwa Unguja karibu mwezi mzima, kisha akafukuzwa nchini, akaanza upya Nairobi. Tom Mboya alipouawa kwa risasi, tarehe 5 Julai 1969, yeye alifika upesi na kamera yake.

Oktoba 1984 alikwenda Korem, Ethiopia, pamoja na Michael Buerk wa B.B.C. Watu walikuwa wakifa kwa njaa. Picha zao zilipoonyeshwa tarehe 23, mataifa yalishtuka, na misaada ikamiminika.

Mwaka 1991 ghala ya silaha ililipuka Addis Ababa. Mwenzake, John Mathai, alifariki, naye akapoteza mkono wa kushoto. Alitiwa mkono wa bandia, akarudi kazini. Alifariki tarehe 23 Novemba 1996, ndege aliyopanda ilipotekwa, ikaishiwa mafuta na kuanguka baharini karibu na Ngazija.

Wako wasemao kwamba si adabu kumpiga picha mtu aliye taabuni. Nami nilidhani hivyo. Lakini picha za Korem zilileta chakula, na kupita kwangu hakukuleta hata kikombe cha maji. Jioni ile nilirudi kumtafuta yule mzee, nisimkute.

Wanafunzi wenzangu, si lazima tuwe na kamera. Tuanze kwa kusimama.