Lotte Reiniger, fundi wa vivuli

Nilikuwa nikitafuta katuni za zamani kwenye intaneti nilipokutana na vivuli vya Lotte Reiniger. Alizaliwa Berlin mwaka wa 1899. Kwa mkasi na karatasi nyeusi alikata watu na wanyama wenye viungo vya kusogezwa, kisha akawapiga picha moja moja. Filamu yake ndefu ya mwanamfalme Achmed, iliyotokana na Elfu Lela Ulela, alianza kuitengeneza 1923 akaimaliza 1926. Mwaka wa 1949 alihamia London, na huko akawatengenezea watoto filamu fupi za televisheni, kama ile ya Cinderella. Alifariki mwaka wa 1981.

Ukanda wa asili wa Achmed ulipotea vitani, Berlin, mwaka wa 1945. Kilichotuokolea ni nakala moja iliyotunzwa London.

Hapo nilimkumbuka bibi yangu. Hadithi zake za Kalulu hazina hata nakala moja. Jumapili iliyopita nilimrekodi. Faili moja ninayo kwenye simu. Ya pili nimempa rafiki aitunze.