Esfir Shub na Mikanda ya Utawala Ulioanguka

Esfir Shub alizaliwa mwaka 1894 katika mji wa Surazh, uliokuwa wakati huo katika jimbo la Chernigov la dola ya Urusi. Alisoma fasihi mjini Moscow, na baada ya Mapinduzi ya 1917 alifanya kazi katika idara ya tamthilia ya Serikali mpya. Mwaka 1922 aliingia katika shirika la filamu la taifa, Goskino, akapewa kazi ambayo wengi wangeidharau: kukata na kupanga upya filamu za kigeni ili ziafikiane na msimamo wa Serikali. Hapo ndipo alipojifunza kwamba picha ileile hubadilika maana ikiwekwa kando ya nyingine. Mwaka 1924 Sergei Eisenstein, ambaye baadaye alivuma duniani, alishirikiana naye kuihariri upya filamu ya Kijerumani iliyomhusu Daktari Mabuse.

Mwaka 1926 Shub alikwenda Leningrad kutafuta picha za utawala ulioangushwa. Wapigapicha wa kasri walikuwa wamemfuata Tsar Nikolai II kwa miaka mingi, wakirekodi magwaride, ibada na matembezi ya familia yake. Mikanda hiyo ilikuwa imetapakaa, mingine ikiharibika katika ghala zenye unyevu. Kwa muda wa miezi miwili alitazama mita zipatazo 60,000. Alizozichagua zilikuwa sehemu ndogo tu. Kuanguka kwa Ukoo wa Romanov ilionyeshwa mwaka 1927, miaka kumi baada ya Tsar kujiuzulu.

Picha zilizopigwa ili kumtukuza mfalme zikageuka ushahidi dhidi yake. Katika sehemu inayokumbukwa zaidi, makabaila wanacheza dansi kwenye sitaha ya meli hadi wanafuta jasho. Mara wanaonekana wakulima wakichimba mtaro, nao wanafuta jasho. Hakuna kilichobuniwa hapo, ila ujirani wa picha mbili. Hata hivyo, ujirani huo haukuwa bila upande, kwani vibao vya maandishi vilimwongoza mtazamaji, na Shub alikuwa amekwisha kufuzu katika kugeuza filamu za wengine.

Je, kazi ya namna hiyo ni ya nani? Shirika la Sovkino, lililoshika nafasi ya Goskino, lilikataa kumtambua Shub kuwa mtunzi wa filamu hiyo na ya Njia Kuu, iliyotoka mwaka huohuo ikiwa na picha za Lenin zilizopatikana Marekani. Machoni pa wakubwa wake alikuwa mhariri tu, na uamuzi huo uligusa malipo pamoja na heshima. Mshairi Vladimir Mayakovsky alimtetea hadharani.

Katika filamu ya 1928 juu ya Urusi ya Nikolai II na Leo Tolstoy tatizo lilikuwa jingine: picha za Tolstoy zilikuwa chache mno, ikabidi zizungukwe na za zama zake. Mwaka 1932 Shub alirekodi sauti za kweli za mafundi na mitambo katika filamu kuhusu umeme, na mwaka 1939 alitengeneza Hispania kutokana na picha za vita zilizopigwa na Roman Karmen na Boris Makaseyev.

Alifariki mjini Moscow mwaka 1959. Miaka mitano baadaye, Mmarekani Jay Leyda alichapisha kitabu kizima juu ya filamu zinazozaliwa na filamu nyingine, na humo Shub amehesabiwa miongoni mwa waasisi.