Nyerere: Alikula faini ya kashfa, akaja kupiga vita siasa za majitaka

Kampeni zikianza, soko na mwalo wa Mwigobero mjini Musoma havikosi maneno: nani mwizi, nani si wa hapa, nani dini gani. Mtu aliyejaribu kuyafungia breki maneno hayo alisoma mji huohuo, Shule ya Mwisenge, kuanzia 1934 akitokea Butiama. Ni Julius Nyerere.

Kumbe yeye mwenyewe aliwahi kutiwa hatiani kwa kuchafua majina ya watu.

Ilikuwa 1958. Katika kijarida cha Sauti ya TANU aliwashutumu mabwana shauri wa kikoloni kwamba wanatumia vibaya madaraka kukiminya chama. Akaburuzwa mahakamani Dar es Salaam. Akatetewa na D.N. Pritt, yuleyule wakili wa Kenyatta kule Kapenguria. Wapi! Hakimu akampa faini ya Sh3,000 au jela miezi sita. Jela ingemfanya shujaa, lakini uchaguzi ulikuwa Septemba, mwezi mmoja tu mbele. Akalipa.

Matope yakamgeukia. Zuberi Mtemvu alijitoa TANU, akaanzisha ANC, akidai chama kinawabeba Wazungu na Wahindi. Mwaka 1961 baadhi ya wabunge walitaka uraia utolewe kwa rangi. Nyerere akatishia kwamba serikali yake itajiuzulu. Kwenye uchaguzi wa Rais 1962 alimgaragaza Mtemvu kwa zaidi ya asilimia 98.

Uchaguzi wa 1965 ukaja na masharti makali: wagombea wawili jukwaa moja, mmoja alama ya jembe, mwingine nyumba, na marufuku kutaja kabila, dini au rangi. Amir Jamal, mwenye asili ya Asia, akashinda Morogoro. Ni kweli kampeni zilitulia, ila chama kilikuwa kimoja. TANU yenyewe nani angeigusa?

Hakuwa mpole, lakini. Kwenye kitabu chake Uongozi Wetu na Hatima ya Tanzania aliwachana Waziri Mkuu John Malecela na Katibu Mkuu wa CCM, Horace Kolimba, kwa majina, kuhusu kazi zao. Mei Mosi 1995, Mbeya, akawashukia wanaosaka Ikulu kwa udini na ukabila.

Alifariki London Oktoba 14, 1999, akazikwa Butiama. Uchaguzi uliofuata ulikuwa mwaka mmoja mbele.