George Stephenson, Baba wa Reli

Mwaka 1781, katika kijiji cha Wylam upande wa kaskazini wa Uingereza, alizaliwa mtoto aliyeitwa George Stephenson. Baba yake alikuwa mtu maskini, na kazi yake ilikuwa kuchochea moto wa mtambo uliovuta maji katika machimbo ya makaa ya mawe. Baba hakujua kusoma wala mama hakujua, na mshahara ulikuwa haba hata watoto hawakupelekwa shule. Mbele ya nyumba yao ilipita njia ya reli za mbao, na farasi walikokota magari ya makaa juu yake mchana kutwa. Siku zile hapakuwa na mtu aliyeweza kusafiri katika nchi kavu kwa mwendo upitao mbio za farasi. Katika jambo hilo mfalme na maskini walikuwa sawa.

George alipokuwa mdogo alichunga ng'ombe kwa ujira wa senti chache, kisha akaingia kazini machimboni. Alipopata miaka 17 alikabidhiwa mtambo wa kuvuta maji, akawa na cheo kikubwa kuliko cha baba yake. Aliufungua mtambo ule kipande kwa kipande, akausafisha na kuurudisha, hata akaujua kama mkulima ajuavyo shamba lake. Lakini habari za mitambo mipya zilikuwa ndani ya vitabu, naye hakujua hata herufi moja. Basi akaenda shule ya usiku pamoja na watu wengine wa machimboni, akalipa ada kwa mshahara wake mdogo. Alikuwa na miaka 18, wala hakuona haya kuanza mwanzo. Hesabu alizopewa na mwalimu alizifanya kando ya moto wa mtambo, na alipotimiza miaka 19 aliweza kuandika jina lake.

Akaoa mwaka 1802, na mwaka uliofuata akapata mwana, Robert. Kisha msiba ukafuata msiba. Binti yake alikufa akiwa mchanga, na mwaka 1806 mkewe akafa kwa kifua kikuu. Baba yake naye alipofushwa na mvuke katika ajali kazini, akawa hana wa kumtunza ila George. Kwa huzuni alifikiri kuihama nchi yake aende Marekani, lakini akabaki. Usiku alishona viatu na kutengeneza saa za watu, apate fedha za kumsomesha Robert. Kijana akapelekwa shule katika mji wa Newcastle, na jioni aliporudi na vitabu, baba na mwana walisoma pamoja. Yale mwana aliyofundishwa mchana, baba alijifunza usiku.

Mwaka 1811 mtambo wa machimbo ya Killingworth ulishindwa kuvuta maji, na mafundi wengi walijaribu bila kufaulu. George akautengeneza, na machimbo yakakauka. Baada ya hayo mabwana wa machimbo wakamfanya fundi mkuu, nao wakamruhusu kuunda injini ya kukokota makaa. Richard Trevithick alikuwa ametangulia kuendesha injini ya mvuke juu ya reli mwaka 1804, lakini injini zile za kwanza zilikuwa nzito na reli zilivunjika chini yake. Injini ya George ilitoka mwaka 1814. Ilivuta tani 30 kupanda mlima, kwa mwendo wa maili 4 tu kwa saa. Hakuridhika, akaendelea kuziboresha injini na reli pia, kwa maana alijua kwamba injini njema juu ya reli mbaya haifai kitu.

Katika Septemba 1825 ilifunguliwa reli ya kutoka Stockton mpaka Darlington, ambayo George aliijenga. Mamia ya watu walipanda magari ya makaa, naye mwenyewe akaendesha injini. Lakini mapema mwaka ule ule alikuwa amepatwa na aibu kubwa. Wafanya biashara walitaka reli kati ya Liverpool na Manchester, na George aliitwa mbele ya kamati ya Bunge kueleza mpango wake. Kazi ya kupima njia alikuwa amewaachia wasaidizi, wala hakuihakikisha. Wanasheria walipomhoji, vipimo vikaonekana vina makosa, naye hakuweza kujibu. Wakamcheka pia kwa matamshi yake ya kikwao. Mpango ukakataliwa, na wengine wakawekwa kupima upya. Bunge lilipokubali mwaka 1826, George alirudishwa kuijenga njia ile.

Njiani palikuwa na bwawa kubwa la matope, jina lake Chat Moss. Kila udongo uliomwagwa humo ulizama. Wengi walisema haiwezekani, lakini George akaagiza matita ya vichaka na matawi yatandazwe juu ya matope, na udongo juu yake, tabaka kwa tabaka. Mwishowe reli ikalala juu ya bwawa kama mashua juu ya maji.

Oktoba 1829 yalifanywa mashindano ya injini mahali paitwapo Rainhill, na tuzo ilikuwa pauni 500. George na Robert walileta injini yao iliyoitwa Rocket. Ndani ya birika lake kubwa la maji yalipita mabomba 25 ya shaba, yakipitisha hewa ya moto, hata maji yakachemka upesi na mvuke ukawa mwingi. Injini ya wapinzani iliyopendwa na watazamaji ilikimbia sana, kisha ikaharibika. Rocket ilimaliza kazi yote, na mwendo wake ulifika karibu maili 30 kwa saa.

Reli ilifunguliwa tarehe 15 Septemba 1830. Siku hiyo ya furaha iliingia msiba. Mbunge wa Liverpool, William Huskisson, alishuka na kusimama njiani, na Rocket ikamkanyaga mguu. George alimpakia katika injini nyingine na kuikimbiza karibu maili 36 kwa saa, lakini majeruhi alikufa usiku ule. Hivyo watu walifahamu siku moja kwamba mwendo wa kasi waweza kuokoa na waweza kuua, tena wataka uangalifu mkubwa.

George Stephenson alikufa mwaka 1848. Upana wa reli alizozijenga, futi 4 na inchi 8 na nusu, ulienea katika nchi nyingi. Juu ya upana huo Wajapani walifungua mwaka 1964 reli ya Tokyo mpaka Osaka, ambapo treni zilikwenda maili 130 kwa saa. Na juu ya upana huo huo treni za umeme za Tanzania zilianza mwaka 2024 kuchukua abiria kutoka Dar es Salaam mpaka Dodoma. Abiria hao wote hupita katika njia iliyoanzwa na kijana wa machimboni, aliyeketi katika shule ya usiku kujifunza herufi akiwa mtu mzima.