FRUMENTIUS, ASKOFU WA KWANZA WA UHABESHI



Mtu akaaye Kisesa, au mahali popote pwani ya Ziwa Viktoria karibu na Mwanza, huona makanisa ya madhehebu mbalimbali yakiwa jirani, na pengine hujiuliza: iwapo Nabii Isa a.s. alikuwa mmoja, mbona wafuasi wake wamegawanyika? Wengi hujibu upesi kwamba mgawanyiko huo uliletwa na Wazungu. Ni kweli kwamba Wamisionari wa Kiprotestanti waliofika Buganda mwaka 1877, na Mapadre Weupe wa Kikatoliki waliofika mwaka 1879, wote wakipitia pwani hii ya kusini ya Ziwa, walikuja na ushindani wao. Na mwaka 1892 wafuasi wao wakapigana vita huko Mengo. Lakini hitilafu za Wakristo katika itikadi ni za kale mno, nazo ziliifikia Afrika Mashariki zaidi ya miaka 1500 kabla ya hapo. Ushahidi wake tunaupata katika maisha ya Frumentius, ambaye Wahabeshi humwita Abba Salama, yaani Baba wa Amani.

Habari zake ziliandikwa na Rufino wa Aquileia, aliyesema kwamba alizisikia kwa Aedesius mwenyewe, ndugu yake Frumentius. Mwanzoni mwa karne ya nne, mwanafalsafa mmoja wa mji wa Tiro, aitwaye Meropius, alisafiri katika Bahari ya Sham pamoja na vijana hao wawili, jamaa zake. Wakati wa kurudi, chombo chao kilitia nanga bandarini kutafuta maji na chakula. Wenyeji wa pale walikuwa wamevunja mapatano na Warumi, basi wakawaua wote waliokuwamo. Vijana wale wawili walikutwa chini ya mti wakijisomea, wakahurumiwa, wakapelekwa kwa mfalme wa Aksum.

Hapo, ndugu msomaji, hutakosa kumkumbuka Nabii Yusufu a.s. Mateka wakawa waaminifu wa nyumba ya mfalme: Aedesius akawa mnyweshaji wake, naye Frumentius, kwa sababu ya akili yake, akakabidhiwa hazina na maandishi ya ufalme. Mfalme alipofariki, alimwacha mwana mdogo. Malkia akawasihi wamsaidie kuutunza ufalme mpaka mtoto akue. Frumentius akashika madaraka makubwa, na wakati huo akawatafuta wafanyabiashara Wakristo waliokuja kutoka dola ya Rumi, akawapa mahali pa kusalia.

Mrithi alipokuwa mtu mzima, walimkabidhi ufalme wake salama, wakaomba ruhusa ya kuondoka. Aedesius alirudi Tiro akawa padri. Frumentius hakwenda kwao, bali alikwenda Alexandria, akamweleza Askofu Athanasius, aliyeshika cheo hicho mwaka 328, kwamba Wakristo wa Aksum wanahitaji askofu. Athanasius akaona hapana afaaye kuliko yeye mwenyewe, akamweka kuwa askofu na kumrudisha Aksum.

Yafaa ieleweke kwamba wakati huo Wakristo walikuwa katika mzozo mkali. Padri Arius wa Alexandria alifundisha kwamba Mwana aliumbwa na Baba, wala si wa milele kama Baba. Baraza la maaskofu lililokutana Nicaea mwaka 325, chini ya Kaisari Konstantino, lilimhukumu Arius na kuamua kwamba Mwana ni wa asili moja na Baba. Lakini uamuzi huo haukumaliza neno. Kaisari Constantius, mwana wa Konstantino, aliwaunga mkono wapinzani wa Nicaea. Athanasius, aliyelitetea baraza lile, alihamishwa na makaisari mbalimbali mara tano.

Mwaka 356 Athanasius alifukuzwa Alexandria kwa nguvu za askari, na mahali pake akawekwa George, mtu wa upande wa Kaisari. Kisha Constantius akawaandikia barua watawala wa Aksum, Ezana na ndugu yake Sazana, akiwataka wampeleke Frumentius Alexandria upesi, ili achunguzwe na George katika imani yake, kwa kuwa aliwekwa na Athanasius. Barua hiyo imehifadhiwa katika maandishi ya Athanasius mwenyewe. Tafakari jambo hili: Kaisari wa upande mmoja alitaka kuamuru, ng'ambo ya jangwa na bahari, watu wa nchi isiyokuwa yake wamsadiki Mungu kwa namna gani!

Amri hiyo haikuubadili mwelekeo wa Uhabeshi. Kanisa la huko lilibaki upande wa Athanasius, na kwa karne nyingi lilipokea askofu wake mkuu kutoka Misri, hata mwaka 1951 alipowekwa Mhabeshi wa kwanza. Mabadiliko ya Ezana mwenyewe yaonekana katika mawe na sarafu zake. Katika maandishi ya kwanza alijiita mwana wa mungu aitwaye Mahrem. Baadaye, jiwe moja la lugha ya Kigeez lamtaja Mola wa Mbinguni, na jingine la Kigiriki lawataja Baba, Mwana na Roho Mtakatifu. Katika sarafu zake, alama ya mwezi na jua iliondolewa ukawekwa msalaba.

Wala Arius hakuwa wa kwanza kuhitilafiana na wenziwe. Tangu karne ya pili walikuwako Wagnostiki, yaani watu walioshika kwamba wokovu hupatikana kwa maarifa ya siri waliyofunuliwa wachache. Wengi wao walidai kwamba ulimwengu huu haukuumbwa na Mungu Mkuu, bali na mwumbaji wa daraja la chini; na baadhi yao walikana kwamba Isa a.s. alikuwa na mwili halisi wa kibinadamu. Mwaka 1945, karibu na Nag Hammadi huko Misri ya Juu, wakulima walifukua mtungi wenye vitabu vya Kikopti vilivyofichwa tangu zamani za kale, na vingi kati ya hivyo ni vya itikadi hizo.

Hata orodha ya vitabu vitakatifu ilichukua muda. Athanasius huyuhuyu, katika waraka wake wa Pasaka wa mwaka 367, ndiye wa kwanza ajulikanaye kuvitaja vitabu 27 vya Agano Jipya, vilevile kama vilivyo sasa. Lakini Wahabeshi, walioletewa askofu na mkono wake, wanahesabu vitabu 81 katika Biblia yao. Miongoni mwa hivyo kimo Kitabu cha Henoko, ambacho Waraka wa Yuda umetumia maneno yake, na ambacho leo chapatikana kizima katika Kigeez tu.

Ndugu mtafuta ukweli, sisi hatukubaliani na Frumentius katika Utatu. Hata hivyo uaminifu wake lazima tuukiri: alipewa ufalme wa yatima, akaurudisha kwa mwenyewe. Tena yafaa tuseme haki, kwamba Constantius, ingawa alipinga neno la Nicaea, hakuihudumia kweli kwa kutumia askari. Imani iliyopandwa kwa amri ya mtawala huondolewa kwa amri ya mtawala mwingine, na ndivyo ilivyokuwa Alexandria mara baada ya mara. Qur'ani Tukufu imekataza kabisa kulazimishana katika dini.

Ikumbukwe pia kwamba ni katika ufalme huohuo wa Aksum, yapata mwaka 615, Waislamu wa kwanza waliodhulumiwa Makka walipata hifadhi kwa Najashi, mfalme Mkristo, ambaye aliwasikiliza kwanza kabla ya kuhukumu, akakataa kuwatoa kwa maadui zao.

Basi, akuambiaye kwamba Wakristo wa mwanzo walikuwa na itikadi moja isiyo na mashaka, mwombe akueleze habari za Nicaea, za Nag Hammadi, na za barua ile iliyotumwa Aksum. Usimwulize kwa kejeli, bali kwa upole, maana huenda naye anatafuta kama wewe. Nawe usikubali neno kwa sababu tu wazee wako walilikuta, wala usilikatae kwa sababu tu limesemwa na mgeni. Lipime kwa akili na kwa maombi. Mwenyezi Mungu atuongoze sote katika njia iliyonyoka. Amin.