Munganga wa Corpus Christi: maisha ya Hector P. García



Katika makanisa yetu ya mashariki tunajua maana ya kungoja mwili wa mpendwa aliyefia mbali. Tunajua pia kwamba namna mtu anavyozikwa inaonyesha jinsi watu walivyomhesabu. Kwa hiyo tumependa kuanza habari hii na mama mjane mmoja wa Texas, huko Marekani.

Mama huyo aliitwa Beatrice Longoria. Mume wake Felix alikuwa dereva wa lori katika mji mdogo wa Three Rivers, mtu wa ukoo wa Kimeksiko aliyezaliwa Texas. Alichukuliwa jeshini wakati wa Vita Kuu ya Pili, akauawa katika kisiwa cha Luzon, Ufilipino, mwezi wa sita mwaka 1945. Ilipita miaka zaidi ya mitatu kabla mabaki yake hayajarudishwa kwao. Mwanzoni mwa mwaka 1949 Beatrice alikwenda kwa mwenye nyumba ya mazishi wa mji ule, akaomba chumba cha ibada ili ndugu wakeshe na marehemu. Yule bwana alikataa. Alieleza kwamba watu weupe wa mji hawangependezwa. Kuzika, atazika, katika sehemu ya makaburi ya Wameksiko, iliyotengwa kwa seng'enge. Lakini chumba cha ibada, hapana.

Askari alikuwa amekufa kwa ajili ya bendera ya nchi yake, na nchi hiyo ilikuwa inamnyima chumba cha kulilia. Dada yake Beatrice akapeleka habari kwa munganga mmoja wa mji wa Corpus Christi. Munganga huyo, Hector Pérez García, ndiye tunayetaka kumkumbuka leo.

Mtoto wa wakimbizi

Hector alizaliwa tarehe 17 Januari 1914 katika mji wa Llera, jimbo la Tamaulipas, Meksiko. Baba na mama yake wote wawili walikuwa walimu. Lakini nchi ilikuwa imeingia katika vita vya mapinduzi, na mwaka 1917 familia ilivuka mpaka, ikakaa Mercedes, kusini mwa Texas. Huko vyeti vyao vya ualimu havikuwa na thamani. Baba akageuka mwenye duka. Wengi kati yetu wamekwisha kuona jambo kama hilo: mwalimu anavuka mpaka na mabegi mawili, na ng'ambo ya pili anaanza kuuza sabuni na chumvi.

Mzee José García hakukubali watoto wake wapotee. Mchana walisoma katika shule ya mji, ambako watoto wa Kimeksiko walitengwa na weupe. Jioni alikaa nao nyumbani akawafundisha tena mwenyewe. Alitaka wote wawe wanganga. Kati ya watoto wake saba waliokua, sita wakawa wanganga kweli, na mmoja wao alikuwa binti, Clotilde. Jambo hilo lilikuwa la ajabu kwa msichana wa jamii ile katika nyakati zile.

Hector hakuwa na fedha za usafiri. Alipoanza masomo ya juu katika mji wa Edinburg, alisimama barabarani kila siku akiomba lifti, safari ya karibu kilometa 50. Baadaye akaingia Chuo Kikuu cha Texas, akamaliza mwaka 1936, na mwaka 1940 akapata digrii ya uganga huko Galveston. Lakini hospitali za Texas hazikumpokea Mmeksiko kwa staji. Ikabidi aende mbali, mpaka Omaha katika jimbo la Nebraska, ambako hospitali ya Chuo Kikuu cha Creighton ilimfungulia mlango.

Mwaka 1942 aliingia jeshini kwa kupenda. Alitumika kwanza katika askari wa miguu, kisha kati ya mainjinia, na mwisho kama munganga, katika Afrika ya Kaskazini na Italia. Alitoka na cheo cha meja na nishani ya shaba. Katika Italia alimpata pia mchumba, Wanda Fusillo wa Napoli, wakaoana mwaka 1945.

Wagonjwa wanaoleta kesi

Mwaka 1946 alifungua nyumba ya matibabu katika Corpus Christi. Wagonjwa wake walikuwa wavuna pamba, wafanyakazi wa nyumbani na askari waliotoka vitani. Aliyeweza kulipa alilipa. Asiyeweza alitibiwa vilevile.

Ni hapo munganga alipoanza kuona jambo ambalo vitabu vya Galveston havikumfundisha. Mtoto alikuja na kuhara, akatibiwa, akarudi baada ya wiki mbili na kuhara kulekule, kwa sababu kambini mwa wafanyakazi hakukuwa na maji safi wala vyoo. Mtu wa kifua kikuu alipewa dawa, kisha akarudi kulala na watu wanane katika chumba kimoja. Askari wa zamani alikuja na kidonda cha vita, na pamoja na kidonda akaleta karatasi: serikali ilikuwa imemwahidi matibabu, masomo na mkopo wa nyumba, lakini ofisi ilimwambia arudi kesho, na kesho yake tena. García akaelewa kwamba ugonjwa mmoja ulikuwa nyuma ya mengine yote. Watu hawa hawakuwa na mtu katika baraza la mji, wala katika halmashauri ya shule, wala mahakamani. Kwa hiyo kila mahali walipokwenda kuomba haki yao, walionekana kama waombaji.

Tarehe 26 Machi 1948 aliwaita askari wa zamani katika shule ya msingi ya Lamar. Walikuja kama mia saba. Usiku huo kikazaliwa chama cha American GI Forum. Herufi GI ni jina ambalo Wamarekani wanampa askari wao wa kawaida. Hawakutia neno Meksiko katika jina la chama, kwa sababu walitaka wasikike kama raia wanaodai kilicho chao. Kazi yao ilianza na karatasi zilezile za askari. Kisha wake zao na vijana wakaingia na kuunda vikundi vyao, na baada ya miezi michache matawi yalikuwa yametapakaa katika Texas.

Mazishi ya Arlington

Chama hakikuwa kimetimiza mwaka habari ya Longoria ilipomfikia. García hakupiga kelele kwanza. Alimpigia simu mwenye nyumba ya mazishi, na mwandishi wake akasikiliza kwenye simu ya pili akiandika kila neno. Yule bwana alirudia sababu yake bila kuficha. Sasa kulikuwa na ushahidi. Ndipo García alipoita mkutano, tarehe 11 Januari 1949, katika shule ileile ya Lamar, na kutuma telegramu kwa wakubwa wengi. Mmoja wao alikuwa seneta mpya wa Texas, Lyndon Johnson.

Johnson alijibu mara moja. Alisema hana amri juu ya nyumba za mazishi, lakini anaweza kumpatia askari huyo kaburi katika Arlington, makaburi ya taifa karibu na Washington, mahali wanapozikwa mashujaa. Telegramu yake ilisomwa mbele ya watu zaidi ya elfu moja. Tarehe 16 Februari 1949 Felix Longoria alizikwa huko kwa heshima zote za kijeshi, na Johnson mwenyewe akiwa kati ya waombolezaji.

Kamati ya bunge la Texas ilichunguza jambo hilo, na wengi wa wajumbe wake wakaamua kwamba hakukuwa na ubaguzi. Lakini nchi nzima ilikuwa imekwisha kusoma habari hiyo.

Benchi la mahakama na kodi ya kura

Hatua iliyofuata ilikuwa mahakamani. Katika wilaya ya Jackson, Texas, Pete Hernandez alikuwa amehukumiwa kwa kuua mtu. Wanasheria wake, Gus Garcia na Carlos Cadena pamoja na wenzao, hawakudai kwamba hakuua. Waliuliza jambo lingine: kwa nini kwa miaka 25 hakuna mtu hata mmoja mwenye jina la Kimeksiko aliyeketi kati ya raia wanaoamua kesi katika wilaya ile, na hali watu hao walikuwa zaidi ya mmoja katika kila kumi? Serikali ya jimbo ilijibu kwamba Wameksiko wanahesabiwa kuwa weupe, na kwa kuwa mabenchi yamejaa weupe, hakuna aliyebaguliwa. Lakini katika jengo lilelile la mahakama kulikuwa na choo cha wanaume kilichoandikwa kwa ajili ya watu weusi na, kwa Kihispania, kwa ajili ya Wameksiko. Chama cha García na kile cha LULAC vilichangisha fedha za safari, dola kwa dola. Tarehe 3 Mei 1954 Mahakama Kuu ya Marekani iliwapa ushindi kwa sauti moja. Majuma mawili baadaye mahakama hiyohiyo ikakataza kutenga watoto weusi mashuleni.

Lakini García alijua kwamba hukumu nzuri bila kura ni kama dawa bila maji. Texas ilidai kila mpiga kura alipe kodi, dola 1 na senti 75, kabla ya kuandikishwa. Kwa mvuna pamba mwenye watoto sita, fedha hiyo ilikuwa unga wa siku kadhaa. Mwaka baada ya mwaka wanachama walikwenda nyumba kwa nyumba, wakafanya karamu na michango, wakahimiza watu walipe kodi hiyo na kuandikishwa. Mwaka 1960 García alikuwa mmoja wa viongozi wa vikundi vilivyomsaidia John Kennedy kuwa rais, na Texas ilimpa Kennedy ushindi kwa tofauti ndogo sana. Mwaka 1966 kodi hiyo ya kura ilikuwa imekwisha kufutwa kabisa.

Johnson alipokuwa rais hakumsahau munganga. Mwaka 1967 alimtuma katika ujumbe wa Marekani kwenye Umoja wa Mataifa, na huko García akahutubu kwa Kihispania. Hakuna mjumbe wa Marekani aliyekuwa amefanya hivyo kabla yake. Mwaka 1968 akaingia katika Tume ya Haki za Raia, Mmeksiko-Mmarekani wa kwanza humo.

Tusimfanye malaika. Urafiki wake na Johnson ulikuwa na bei. Vita vya Vietnam vilipokuwa vinakula vijana wa jamii yake, aliendelea kusimama upande wa rais, na vijana wengi wakamwona kuwa mzee anayekwenda polepole mno. Labda walikuwa na sababu. Lakini mwaka 1972, akiwa na miaka 58, mzee huyo alikamatwa na polisi katika maandamano ya kupinga kutengwa kwa watoto katika shule za mji wake. Na siku zote hizo aliendelea kutibu wagonjwa.

Mwaka 1984 alipewa Nishani ya Uhuru ya Rais, heshima kubwa kupita zote ambazo raia wa Marekani anaweza kupewa. Alifariki katika Corpus Christi tarehe 26 Julai 1996, akiwa na miaka 82.

Tunalobaki nalo

Hector García alikuwa Mkatoliki, na nchi yake si yetu. Hata hivyo tunaona mambo matatu ambayo yanaweza kuketi pamoja nasi katika mikutano yetu.

La kwanza, masomo hayakumtoa kati ya watu wake. Wazazi wengi kwetu wanauza mbuzi na shamba ili mtoto apate diploma, na mtoto akishaipata, mtaa haumwoni tena. García alirudi na diploma yake mahali ambapo hospitali zilikuwa zimemfungia mlango.

La pili, aliandika. Simu ya mwenye nyumba ya mazishi ingebaki maneno ya mtu na mtu, kama mwandishi hangekuwa na kalamu. Ni mara ngapi sisi tunalia juu ya jambo, na mwaka ukiisha hakuna tarehe, hakuna jina, hakuna karatasi?

La tatu, hakungoja mkubwa mwema. Johnson alisaidia, ni kweli. Lakini telegramu ya Johnson ilikuta watu elfu moja wamekwisha kukusanyika, na wale elfu moja walikuwa wamezoea kukusanyika kwa sababu ya karatasi ndogondogo za askari, mwezi kwa mwezi, katika darasa la shule ya msingi.

Kaburi la Felix Longoria liko Arlington mpaka leo. Mahali pale hapana seng'enge kati yake na wenzake.